Maua Yanayofunguka Mara Mbili

Kibabi, Jumapili, 8 Februari 1948

Jeannette aliporudi shuleni kwa masere, watawa wa kike, baada ya Noeli aliniachia kaye hii, daftari lake, kurasa zake nyingi bado nyeupe. Alisema, "Mama, ulijifunza kuandika ili uandike barua moja tu kwa mwaka?" Basi naandika.

Mimi ni Elisabeth, mke wa Paul, kapita anayesimamia wafanyakazi wa barabara. Nyuma ya nyumba yetu, ndani ya lupango, ua wetu uliozungushiwa uzio, kuna miti yangu ya matunda: mipera, mlimau, michungwa michanga niliyoipanda upya mwaka jana chini ya kivuli cha migomba, na katikati yao mti wa avoka, yaani parachichi. Mbegu yake nilipewa na Frère mmoja, bruda wa misioni. Niliizika karibu na shimo la takataka, ikapanda juu kama mtu anayekimbia, na sasa inapita paa la nyumba. Kila mwaka mti huo unatoa maua mengi hata majani yanafichwa. Nyuki wanaimba ndani yake kutwa. Kisha maua yote yanaanguka, na tunda hakuna hata moja. Huu ni mwaka wa nne.

Leo baada ya misa Paul alisimama chini yake, mikono nyuma.

"Mama Jeannette, hii muti inatoa maua tena?"

"Inatoa."

"Na yote itaanguka tena." Akagonga shina kwa kidole kama mtu anayebisha mlango. "Hii mvua njo ya mwisho. Kama haizae, nitaikata, nitakujengea jikoni hapa. Ule moshi wa mule ndani utakuua."

Angesema kwa hasira ningejua la kujibu. Lakini anataka kunijengea jikoni.

11 Februari

Jumatano ya Majivu. Mvua tangu asubuhi. Padri alinitia majivu kwenye paji la uso, mvua ikayaosha kabla sijafika nyumbani.

14 Februari

Asubuhi maua ya avoka yalikuwa wazi, madogo kuliko kifungo cha shati, rangi kati ya kijani na manjano. Niliporudi kutoka kupalilia maharagi, jua likiwa juu ya kichwa, yote yamefunga. Nilizunguka mti mzima. Hakuna hata moja lililo wazi. Nilidhani ni ugonjwa.

16 Februari

Asubuhi yamefunguka tena. Nimechomoa nyuzi nyekundu kwenye shali yangu ya zamani nikazifunga kwenye vikonyo vya maua machache yaliyo wazi. Nataka kujua yanakwenda wapi.

18 Februari

Nitaandika polepole ili nisikosee.

Ua lenye uzi mwekundu lilipofunguka juzi asubuhi, katikati yake kilisimama kijiti kimoja, ncha yake inang'aa kama imelambwa. Vijiti vingine vilikuwa vimelala pembeni. Mchana likafunga. Jana asubuhi halikuamka. Yaliyofunguka ni mengine, yale ambayo juzi yalikuwa bado yamefumba. Nikasema basi, langu limekufa.

Jana alasiri, nikianua nguo, nikainua macho, na ua lenye uzi liko wazi. Ua lilelile! Kile kijiti cha katikati kimekauka ncha. Vile vilivyokuwa vimelala vimesimama, na vina vumbi la manjano. Niligusa, vumbi likabaki kwenye kidole changu. Jana asubuhi nilikuwa nimefunga nyuzi kwenye mengine pia, na alasiri hii mambo ni yaleyale.

Sisi wanawake tunalijua boga. Boga lina ua jike na ua dume, na dume halizai, kazi yake ni kutoa vumbi. Lakini hapa ua ni moja, leo jike, kesho dume. Wala si ua moja tu. Ni mti mzima! Maua yasiyohesabika yanafunguka pamoja na kufunga pamoja, bila kengele, bila kapita wa kupiga filimbi. Niliketi juu ya majani, mkono mdomoni. Miaka yote hii nimepita hapa na ndoo yangu ya maji nikidhani mti huu haufanyi kitu.

20 Februari

Nimemwonyesha Paul. Nilifikiri atacheka. Aliinama, akavuta tawi karibu na jicho.

"Kwa hiyo asubuhi ni banawake batupu, na alasiri ni banaume batupu?"

"Njo vile."

"Basi batakutana wapi?"

Alisema kwa mchezo, akaenda kazini. Lakini mimi nilibaki na swali lake siku nzima, nikipika nalo, nikifagia nalo.

24 Februari

Nikitoka mtoni alasiri nilipita kando ya ua wa jirani yetu Kanyamibwa. Yeye pia ana mti wa avoka, mchanga kuliko wangu, na mwaka huu umetoa maua kwa mara ya kwanza. Nilisimama. Wakati ule wangu ulikuwa na vumbi. Na wake? Kijiti kimoja katikati, ncha inang'aa. Jike, alasiri! Mti wake unafanya kinyume cha wangu.

Nilikaa pale hata mke wake, Mukandayisenga, akaniona. Tulitazamana. Nikabeba ndoo yangu nikaenda.

Hatusalimiani. Kanyamibwa alikuja kutoka Ruanda na ng'ombe zake Jeannette akiwa bado mgongoni mwangu. Mwaka jana mtamba wake alivunja ua wetu akala michungwa yangu yote hadi kwenye mizizi. Yeye akasema ua ulikuwa umeoza. Tulifika mbele ya chefu, akatoa mbuzi. Mbuzi tulimla. Salamu zikaisha.

28 Februari

Nguruwe wa msituni ameingia kwenye mihogo. Tumeziba.

2 Machi

Sijui nianzie wapi.

Jana mchana kutwa ardhi ilikuwa inatetemeka kidogo kidogo. Vyungu viligongana kwenye rafu na kuku walikataa kuingia ndani. Jua lilipokwisha kuzama upande wa Walikale, mbingu ya upande wa pili, nyuma ya milima, ikawa nyekundu, kana kwamba jua limekosea njia na linazama kule linakochomozea. Kisha ikaja sauti. Ilikuwa kama sauti ya makamyo mengi yanayopanda mlima, yanakuja, yanakuja, na hayafiki.

Paul alisema, "Ni Nyamulagira. Mulima umepasuka." Akavua kofia yake.

Watu wote walitoka nje. Nilitazama huku na huku nikaona hakuna anayezungumza, hata walevi, hata watoto. Ng'ombe za Kanyamibwa zilisimama kwenye mteremko, zote zimegeuza vichwa upande mmoja. Mwenyewe alisimama kati yao na fimbo yake, uso wake umewekwa rangi na ile mbingu kama nyuso zetu sote. Moto ulikuwa mbali, nyuma ya milima mingi, na bado niliweza kuona mistari ya kiganja changu kwa mwanga wake.

Nilingoja woga. Ulikuja, lakini baadaye. Kilichokuja kwanza kilikuwa kitu kingine ambacho sina jina lake. Nilijiona mdogo, mdogo kuliko punje ya ulezi, na nilifurahi kuwa mdogo. Nilifurahi kwamba jambo kubwa hivi lipo, na kwamba nimeruhusiwa kuliona.

4 Machi

Majivu. Yanashuka kama unga kwenye chekeche, bila sauti. Maharagi yana ladha ya chuma. Paul anasema barabarani makamyo yanapita yamewasha taa mchana. Mti wangu umekuwa na mvi.

6 Machi

Leo zimeanguka nywele. Naandika ninachokiona: nywele, nyembamba, za rangi ya asali, ndefu kama kidole na nyingine kama mkono, zimelala juu ya majani ya avoka na uani, zinang'aa. Nilichukua moja ikavunjika na kunichoma. Ni kioo. Mlima unatema mawe yaliyoyeyuka na upepo unayavuta yanakuwa nyuzi, ndivyo Paul alivyosikia kwa mzungu wa barabara. Bibi mmoja tuliyekutana naye mtoni alisema mlima unanyolewa. Maneno yote mawili nimeyapenda.

Maji ya kunywa tunayachuja kwa kitambaa.

9 Machi

Hakuna nyuki. Nimesikiliza chini ya mti asubuhi yote. Kimya.

Na bado maua yanafunguka na kufunga kwa wakati wake, chini ya majivu. Mbingu imekuwa kama sahani ya udongo, jua halionekani, na yenyewe yanajua saa. Ninatikisa matawi kwa ufito mrefu, ninaosha yale ya chini kwa maji. Jioni yamekuwa ya kijivu tena. Kesho nitaosha tena.

Nimeelewa jibu la swali la Paul. Wangekutana kwenye miguu ya nyuki, vumbi la asubuhi la mti wa Kanyamibwa juu ya majike ya asubuhi ya mti wangu. Miaka iliyopita wangu ulikuwa peke yake. Mwaka huu umepata mwenzake, na nyuki wamekimbia.

11 Machi

Kanyamibwa amekuja. Hakuingia, alisimama kwenye mlango wa lupango, kofia mkononi. Amekonda.

"Papa Paul, ng'ombe zangu zinakufa. Zinakula majani na zile nywele. Damu iko natoka mu kinywa."

"Tumeziona," Paul alisema. "Pole, Papa."

"Naomba migomba. Shina yake iko na maji, na ndani iko safi. Nikikatakata zitakula."

Paul alinitazama. Hakuna asiyejua kwamba migomba ile njo kivuli cha michungwa yangu, ileile iliyopandwa mahali pa ile iliyoliwa. Niliendelea kuchambua maharagi. Kanyamibwa alingoja, kisha akasema, "Nimesikia," ingawa hakuna aliyesema kitu, akaenda.

12 Machi

Nilienda mtoni mapema. Mukandayisenga alikuwa ndani ya maji hadi magotini, kwenye maji yale ya baridi, anaosha majani. Anachukua fungu dogo, analisukasuka, analiinua, halafu anapitisha vidole kwenye kila unyasi kutafuta zile nywele. Kisha analiweka kwenye kikapu na kuchukua fungu lingine. Vidole vyake vilikuwa vimejaa vidonda vidogo vidogo, na maji yaliyomdondoka yalikuwa mekundu kidogo. Kikapu hakikufika nusu. Hakikuweza kujaza hata mdomo wa ng'ombe mmoja, nao wana ng'ombe tisa.

Nimeona watu wanaomba kanisani tangu utoto wangu. Sijawahi kuona mtu anayeomba namna ile.

Niliweka ndoo chini.

"Mukandayisenga."

Akageuka. "Mama Jeannette."

Yeye hasemi Kihunde, mimi sisemi Kinyarwanda, tukabaki na Kiswahili chetu.

"Uko hapa toka asubuhi?"

"Toka juzi."

"Acha hii. Kuja ukate migomba."

Alinitazama kama anatafuta mtego. "Ile migomba iko inafunika michungwa yako. Jua itaichoma."

"Jua gani?" nikamwuliza, nikaonyesha mbingu.

Aliinua uso kutazama ile sahani ya udongo iliyotufunika, akacheka. Nilikuwa sijui ana mwanya kwenye meno. Miaka hii yote, na uzio mmoja kati yetu, sikujua.

Paul mwenyewe alishika panga. Ndani ya shina la mgomba ni peupe kama maziwa, na majivu hayajawahi kufika huko. Ng'ombe zilikula zimefumba macho. Tulisimama sote tukisikiliza zikitafuna, na ilikuwa sauti nzuri kuliko kinanda cha misioni.

Ndipo nikasema, "Na miye niko na neno ya kuomba. Nipeni maua ya avoka yenu."

"Maua? Ya kupamba kanisa?" Mukandayisenga aliuliza.

"Hapana. Ni juu ya ndoa."

15 Machi

Kila asubuhi, maua ya kwao yanapokuwa na vumbi, Mukandayisenga ananiletea vitawi vyake ndani ya kitambaa. Mimi niko juu ya ngazi ya Paul na unyoya wa kuku. Nagusa vumbi, nagusa ncha inayong'aa. Nagusa, nagusa. Shingo inauma, majivu yanaingia machoni. Alasiri tunageuza, tunapeleka vumbi la kwangu kwenye mti wao.

Siku ya kwanza alinisaidia kwa heshima tu, kama mtu anayemsindikiza mgonjwa wa kichwa. Jana nilimwambia akae chini ya mti wangu atazame mpaka mchana. Alikaa. Maua yakaanza kufunga, polepole, upande wa mashariki kwanza, halafu mti mzima. Nikamshika mkono tukakimbia hadi kwenye mti wao, na pale majike yalikuwa yanaanza kufunguka. Mmoja unafunga mlango, mwingine unafungua.

"Nani anaiambia?" alininong'oneza. "Mama Jeannette, nani anaiambia?"

Kanyamibwa alikuja kuona tunachokifanya. Alitazama unyoya wangu, akakuna kichwa. "Nimechunga ng'ombe toka nilizaliwa. Leo nasikia muti inapanda muti." Lakini alishika ngazi isiyumbe, akaishika mpaka nilipomaliza.

19 Machi

Mvua mbaya. Ilichoma macho, na iliacha alama kwenye nguo zilizoanikwa. Baada yake majani ya avoka yalikuwa na madoa ya kahawia, kama yamepigwa pasi ya moto. Maua mengi yamekuwa meusi.

Ng'ombe wawili wa Kanyamibwa wamekufa leo, mmoja asubuhi, mwingine akiwa anainuliwa. Hakukubali mtu ale nyama. Aliketi kando yao. Paul alirudi kutoka kazini, hakuingia nyumbani, alienda kuketi karibu naye. Niliwapelekea ugali na sombe ya majani ya mihogo, nikaviweka katikati yao.

22 Machi

Majani yanaanguka.

23 Machi

Yanaanguka.

28 Machi, Pasaka

Tuliimba kwa nguvu, na mlima ulinguruma chini ya nyimbo zetu. Kanisa lilijaa mpaka nje.

Mti wangu uko uchi. Matawi ni ya kijivu, vikonyo vya maua vimesimama kama vijiti vya ufagio. Paul aliutazama, akapita.

Mukandayisenga amezika ng'ombe wa tatu, yule aliyempa jina mwenyewe. Alikuja akaketi nami kando ya moto mle ndani, moshi wote ule, akasema, "Bibi yangu alisema bafu babaya, batu benye balikufa, njo banachochea moto mu ule mulima. Lakini nikiutazama sioni bubaya. Unaona weye?"

"Hapana," nikasema. "Naona ukubwa tu."

"Njo ile inaniogopesha."

6 Aprili

Nimepanda ngazi leo kuangalia kama matawi yamekufa. Nilitaka kukwaruza ganda tu. Kwenye ncha ya kikonyo, mahali palipokuwa na ua, kuna kitu cha kijani, kidogo kama punje ya ulezi. Nikadhani ni mdudu. Nikatazama kikonyo kingine. Na kingine. Nilishuka, nikapanda tena, nikavikuta bado vipo.

Sikumwambia Paul. Nilikwenda uzioni nikaita, "Dada! Dada!" na ni baada ya kuita njo nilitambua ni mara ya kwanza namwita hivyo.

14 Aprili

Vinaanguka. Kila asubuhi nafagia chini ya mti, na kwenye ufagio kuna matunda madogo kama shanga. Mti wao pia unayaangusha. Mukandayisenga alichukua mojawapo akaligeuza kwenye kiganja. "Ng'ombe yenye haina nguvu, inatoa mimba. Muti iko na njaa. Haina majani ya kula nayo."

Alirudi na kikapu cha samadi ya ng'ombe alizobaki nazo. Tuliichanganya na yale majivu yaliyoanguka, tukafukia kuzunguka shina. Hatukujua kama ni dawa ao ni sumu.

20 Aprili

Yameanguka machache. Mvua ya leo haikuchoma.

21 Aprili

Mawili tu.

29 Aprili

Nyuki mmoja, kwenye ua la mlimau.

4 Mei

Niliamka nikaenda nyuma ya nyumba kabla ya kuwasha moto, nikabaki nimesimama na kibiriti mkononi.

Mti umevaa. Kila ncha ya tawi imetoa majani mapya, na si ya kijani. Ni mekundu, mekundu ya shaba, laini kama sikio la mtoto. Jana kulikuwa na vichipukizi tu. Leo mti mzima umewaka, kutoka chini mpaka juu, na kati ya yale majani mekundu yananing'inia matunda, kama kidole gumba, ya kijani, magumu, mengi. Nilijaribu kuyahesabu nikaacha, nikaona aibu, kama mtu anayehesabu nyota ili aziweke mfukoni.

Na si avoka peke yake. Mipera imetoa machipukizi hata kwenye shina. Maharagi yaliyopandwa baada ya majivu yana majani makubwa kuliko mkono wangu. Kile kilichotuangukia na kutuchoma, ardhi imekimeza, na sasa inatoa chakula.

Paul alinikuta pale. Tulisimama bega kwa bega. Mbingu ilikuwa ya bluu kwa mara ya kwanza tangu Machi.

"Elisabeth," alisema. Hajaniita hivyo tangu Jeannette alipozaliwa. "Tulikuwa tunalala karibu na hii kitu kila siku."

15 Mei

Paul amechimba mashimo ya nguzo za jikoni, upande ule mwingine wa nyumba.

13 Juni

Mvua zimekwisha. Mlima unavuta moshi kidogo, kama mzee aliyeshiba.

Jua limerudi kwa ukali, na michungwa miwili imekauka kwa kukosa kivuli. Nililia kidogo, maana hii ni mara ya pili. Kanyamibwa aliiona, akakata fito na majani ya matete, akajenga kibanda kidogo juu ya kila mchungwa uliobaki. Alifanya kazi hiyo asubuhi nzima bila kuitwa. Ana ng'ombe nne sasa. Nilimletea maziwa ya kwake mwenyewe, yale waliyotupa jana, kwa sababu sikuwa na kingine cha kumpa. Alikunywa akacheka.

Avoka zimekuwa kama mayai. Kwao ni chache, mti ni mchanga, lakini zipo. Mukandayisenga huzigusa kila asubuhi kwa upande wa nyuma wa mkono, kama anapima homa.

8 Julai

Tumerudi kutoka Sake. Tulienda na Mukandayisenga kutafuta chumvi ya ng'ombe sokoni, tukalala kwa shangazi yake. Asubuhi yake shangazi alituambia kwamba mbele kidogo tunaweza kuona mahali moto ulipopita. Tukaenda.

Njia ilipita kwenye shamba la mtama, halafu njia ikaisha. Mbele yetu palisimama ukuta mweusi, mrefu kuliko nyumba, mawe yamelundikana juu ya mawe, na ukuta ule uliendelea kulia na kushoto hadi macho yangu yaliposhindwa. Nusu ya shamba la mtama ilikuwa huku, nusu ilikuwa chini yake. Hapakuwa na ndege. Mawe yalikuwa yanalia peke yake, tik, tik, kama sufuria iliyotolewa motoni. Sehemu nyingine yalikuwa yamejisokota kama kamba, nyingine yalikuwa laini kama ugali uliomwagika, na umande wa asubuhi uliyagusa ukapaa kama moshi.

Mukandayisenga aliutazama ule ukuta, na nilijua anaziona ng'ombe zake tano. Nilifikiri atalaani. Nilifikiri atageuka tuondoke, nami ningegeuka pamoja naye.

Alitua mzigo wa chumvi. Alipanda polepole, akitafuta pa kukanyaga, mpaka mahali palipo bapa, akapiga magoti na kuweka kiganja chake chenye makovu juu ya jiwe. Alikiacha pale.

"Dada," aliniita. "Kuja. Gusa."

Nilipanda. Nikaweka mkono wangu karibu na wake. Jiwe lilikuwa na joto. Halikuwa joto la kuunguza, wala la jua, kwa maana jua lilikuwa bado halijafika. Lilitoka ndani.

"Iko na moto sawa mutoto mwenye amezaliwa sasa," alisema.

Na ilikuwa kweli. Nilitazama ile nchi nyeusi, isiyo na jina, isiyo na chefu, ambayo hakuna mtu aliyelima wala kuzikwa ndani yake. Nikapiga hesabu nikashangaa: matunda yaliyo nyuma ya nyumba yangu yana umri sawa na nchi hii ninayoikanyaga. Mungu alikuwa anafanya yote mawili katika mvua moja, kwa mkono mmoja labda, hili kubwa na lile dogo, na mimi nilikuwa juu ya ngazi na unyoya.

Tulikuwa na njaa. Mukandayisenga alifungua majani ya mgomba, akatoa maharagi na viazi vya shangazi yake, akaviweka kati yetu. Tulikula tumeketi pale juu, miguu mitupu, ardhi ikitupasha nyayo.